Kwa Nini Afrika Kusini Husema Hivi Leo na Kutenda Vile Kesho

Swali. Msomaji kutoka Bukoba, anayesomea shahada ya uhusiano wa kimataifa, anauliza: "Afrika Kusini iliipeleka Israel mahakamani The Hague, lakini mwaka 2015 ilimwacha Omar al-Bashir aondoke huku akitafutwa na mahakama ya huko huko The Hague. Ilikataa kuilaani Urusi. Ilipeleka jeshi Goma, kisha ikalirudisha. Mhadhiri wetu anasema yote ni siasa za ndani. Zinafanyaje kazi hasa? Na serikali ya umoja wa kitaifa ya 2024 imebadilisha nini?"

Jibu. Mhadhiri wako yuko sahihi, ila "siasa za ndani" ni neno pana mno kukusaidia kuandika tasnifu. Uamuzi wa mambo ya nje unaotoka Pretoria hupita mlangoni kwanza, na kila aina ya uamuzi ina mlango wake. Matamko na kura za Umoja wa Mataifa hupita mlango wa chama. Mikataba na hati za kukamata watu hukutana na Bunge na majaji. Wanajeshi hupita Hazina. Biashara hupita kwa wafugaji, wenye viwanda na vyama vya wafanyakazi. Unachokiona kama kigeugeu ni serikali moja inayotokea milango tofauti. Kwa hiyo kila unapokutana na uamuzi, uliza kwanza: unahitaji saini ya nani, fedha za nani, na nani ana uwezo wa kuuzuia?

Hapo pana sahihisho la kufanya. Mahakama za The Hague ulizozitaja ni mbili. Mahakama ya Kimataifa ya Haki, ICJ, husikiliza mashauri kati ya nchi na nchi, na ndiko Afrika Kusini ilikofungua kesi dhidi ya Israel tarehe 29 Desemba 2023. Mahakama ya Kimataifa ya Jinai, ICC, hushtaki watu, na ndiyo iliyokuwa ikimtafuta al-Bashir, rais wa Sudan wakati huo. Kufungua kesi ICJ kunahitaji wanasheria hodari, bajeti yao na idhini ya serikali. Kumkamata rais wa nchi nyingine kunahitaji polisi wamtie pingu mgeni wa Umoja wa Afrika mbele ya marais wenzake. Gharama ya kisiasa hailingani hata kidogo, na ukizichanganya mahakama hizi hoja yako yote itayumba.

Tuanze na chama. ANC imetawala tangu 1994, na sera yake ya nje hupikwa kwanza katika mkutano mkuu wa Desemba unaofanyika kila baada ya miaka mitano: Polokwane 2007, Mangaung 2012, Nasrec 2017 na tena Nasrec 2022. Wajumbe hutoka matawini, na wengi wamelelewa katika kumbukumbu ya uhamishoni, kambi za mafunzo na mshikamano wa vyama vya ukombozi. Nasrec 2017 waliazimia ubalozi wa Tel Aviv ushushwe hadhi. Mei 2018 balozi akaitwa nyumbani kufuatia mauaji ya Gaza, na hakupelekwa mwingine. Tarehe 21 Novemba 2023 Bunge lilipiga kura 248 kwa 91 kutaka ubalozi wa Israel ufungwe. Hoja hiyo ililetwa na chama cha upinzani cha EFF, na ANC ikaiunga mkono baada ya kuirekebisha. Hapo utaona ushindani wa upande wa kushoto ukifanya kazi: chama tawala hakiwezi kukubali kupitwa na wapinzani wake katika suala la Palestina.

Wengi huteleza wanapofika hapa. Husema ANC ilikwenda ICJ kutafuta kura. Miezi mitano baadaye, tarehe 29 Mei 2024, ANC ilipata asilimia 40.18, ikiwa imetoka asilimia 57.5 ya mwaka 2019. Kama hizo ndizo kura zilizotafutwa, hazikuonekana. Mpiga kura wa Soweto au Umlazi alikuwa na kero ya umeme, ajira na maji. Kwa maoni yangu, sera ya nje ya Afrika Kusini huleta kura chache mno. Kazi yake kubwa ndani ya nchi ni kuwashikamanisha wanaharakati wa chama na vyama rafiki, hasa pale wanapogombana kuhusu mambo ya uchumi. Ukiielewa kazi hiyo, utaelewa kwa nini matamko huwa makali hata serikali inapokuwa dhaifu.

Urusi ni habari ya mlango huo huo. Tarehe 2 Machi 2022, Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa lilipoitaka Urusi iondoke Ukraine, nchi 141 ziliunga mkono, 5 zilipinga na 35 zilijizuia, Afrika Kusini ikiwamo. (Tanzania, Uganda na Burundi nazo zilijizuia siku hiyo, kila moja kwa sababu zake, wakati Kenya, Rwanda na Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo ziliunga mkono.) Watu hutaja fedha, na zipo za kutazama: United Manganese of Kalahari, kampuni ya madini ambayo sehemu ya hisa zake zinahusishwa na tajiri wa Kirusi Viktor Vekselberg, imo katika orodha rasmi ya wafadhili wa ANC. Sheria ya ufadhili wa vyama, iliyoanza kutumika tarehe 1 Aprili 2021, huvilazimisha vyama kutangaza michango mikubwa kupitia Tume ya Uchaguzi kila robo mwaka. Soma matangazo hayo, lakini usiyatwishe mzigo yasiyoweza kuubeba. Uhusiano wa ANC na Moscow ni mkongwe kuliko mchango wowote wa leo. Umoja wa Kisovieti uliwapa silaha na mafunzo miaka ambayo serikali za Magharibi ziliwaona magaidi. Fedha zinaweza kuimarisha msimamo uliokwishakuwapo, ila kwa ushahidi huu huwezi kusema ndizo zilizouzaa.

Jihadhari pia usikichukue chama kuwa ndiyo dola. Tarehe 25 Aprili 2023 Rais Cyril Ramaphosa aliwaambia waandishi wa habari kwamba ANC imeamua nchi ijitoe ICC. Siku hiyo hiyo ofisi yake ikatoa sahihisho: Afrika Kusini inabaki mwanachama. Kauli ya kwanza ilikuwa ya chama, na sahihisho lilikuwa la dola iliyokwishaonywa na mahakama zake.

Mlango wa mahakama ndio unaostahili muda wako mwingi zaidi, kwa sababu ndio unaoitofautisha Afrika Kusini na mataifa mengi yenye ubavu barani. Juni 2015 al-Bashir alifika Sandton kwa mkutano wa Umoja wa Afrika. ICC ilikuwa imetoa hati mbili za kumkamata, moja mwaka 2009 na nyingine 2010. Lakini kilichoitia serikali matatani kilikuwa sheria ya nyumbani: Bunge la Afrika Kusini lilitunga mwaka 2002 sheria ya kutekeleza Mkataba wa Roma, ule ulioiunda ICC, kwa hiyo wajibu wa kumkamata ulikuwa umeandikwa Cape Town na si Ulaya. Shirika la kiraia, Southern Africa Litigation Centre, likaenda Mahakama Kuu ya Pretoria. Jumapili tarehe 14 jaji akaamuru asiondoke nchini. Jumatatu tarehe 15 mahakama ikaamuru akamatwe, lakini ndege yake ilikuwa imekwisharuka kutoka kambi ya jeshi la anga ya Waterkloof. Serikali ilijitetea kwa sheria ya kinga za kidiplomasia. Machi 2016 Mahakama ya Rufani ikaikataa hoja hiyo na kusema serikali ilivunja sheria.

Serikali ikaona njia ya kutoka ni kujitoa ICC. Tarehe 19 Oktoba 2016 waziri akasaini notisi na kuipeleka Umoja wa Mataifa bila kupita bungeni. Chama cha DA, upinzani wakati huo, kikafungua kesi. Tarehe 22 Februari 2017 Mahakama Kuu ikatoa uamuzi unaopaswa kuukariri: kifungu cha 231 cha Katiba kinasema mkataba huifunga nchi baada ya kuidhinishwa na Bunge la Taifa na Baraza la Taifa la Majimbo, basi aliyeidhinisha kuingia ndiye wa kuidhinisha kutoka, na serikali peke yake haina uwezo huo. Mwezi uliofuata notisi ikafutwa, na hakuna muswada wa kujitoa uliopitishwa hadi leo.

Sasa ruka hadi 2023. Tarehe 17 Machi ICC ilitoa hati ya kumkamata Vladimir Putin, naye alikuwa mgeni mtarajiwa wa mkutano wa BRICS, kundi la Brazili, Urusi, India, China na Afrika Kusini, uliopangwa Sandton mwezi Agosti. Chama kingependa aje. DA ikaenda mahakamani mapema, kabla mgeni hajapanda ndege, kwa sababu somo la 2015 lilikuwa kwamba amri inayotolewa akiwa tayari nchini huchelewa. Katika kiapo chake mahakamani Ramaphosa alieleza kwamba kumkamata rais wa Urusi kungekuwa sawa na kutangaza vita. Tarehe 19 Julai ikatangazwa kwamba, kwa makubaliano ya pande zote mbili, Putin hatakuja. Alihutubia kwa video, na waziri wake wa mambo ya nje, Sergei Lavrov, akaja badala yake. Fuatilia mnyororo huo, kuanzia sheria ya 2002 na shirika la kiraia la 2015, hadi hukumu za 2016 na 2017, kisha kesi ya 2023. Majaji hawakuchagua nani awe rafiki wa Afrika Kusini. Walifunga njia moja moja, mpaka serikali ikabakiwa na njia ambayo yenyewe isingeichagua.

Jeshi lina utaratibu wake. Kifungu cha 201 cha Katiba kinampa Rais peke yake mamlaka ya kupeleka wanajeshi nje kutimiza wajibu wa kimataifa, lakini lazima alijulishe Bunge bila kuchelewa: sababu, mahali, idadi na muda. Barua hiyo ndiyo hati yako muhimu kuliko hotuba yoyote. Februari 2024 Ramaphosa aliliarifu Bunge kuhusu wanajeshi 2,900 kwa ujumbe wa SADC, jumuiya ya nchi za kusini mwa Afrika, mashariki mwa Kongo, kuanzia tarehe 15 Desemba 2023 kwa mwaka mmoja, kwa gharama ya zaidi ya randi bilioni 2. Tatizo ni kwamba bajeti ya ulinzi iko chini ya asilimia 1 ya pato la taifa, na idadi iliyofika Kongo ilikuwa chini sana ya hiyo iliyoidhinishwa. Helikopta za mashambulizi aina ya Rooivalk na za uchukuzi aina ya Oryx zilizoweza kuruka zilikuwa chache. Kikosi cha miguu kisicho na ulinzi wa anga, mbele ya waasi wa M23 wanaoungwa mkono na jeshi la Rwanda, ni hatari ambayo mtu angeweza kuipigia hesabu kwenye karatasi kabla ya risasi ya kwanza.

Linganisha na 2013. Brigedi ya mashambulizi iliyoundwa na Azimio 2098 la Baraza la Usalama, yenye Tanzania, Afrika Kusini na Malawi, ilikuwa sehemu ya ujumbe wa Umoja wa Mataifa, ambao huzirudishia nchi sehemu ya gharama na kutoa huduma za ugavi. Ujumbe wa SADC ulitegemea mifuko ya nchi zilizopeleka askari. Nchi zile zile tatu zilirudi mahali pale pale, lakini mlipaji alikuwa mwingine, na hapo ndipo uwezo ulipopungua.

Januari 2025 wanajeshi 14 wa Afrika Kusini waliuawa katika mapigano ya Sake na Goma, wengi wao wakiwa wa ujumbe wa SADC. Tarehe 29 Januari Ramaphosa alitoa taarifa iliyoliita jeshi la Rwanda wanamgambo, na Paul Kagame akajibu siku hiyo hiyo kwamba Afrika Kusini ikitaka makabiliano itayapata. Taarifa kama ile husomwa kwa upande wa nyumbani kwanza: familia zilisubiri miili, na vyama vilivyotofautiana karibu katika kila jambo, EFF na DA, vilidai vijana warudishwe. Tarehe 13 Machi SADC ikamaliza ujumbe, na misafara ikaanza kutoka Goma kupitia Rwanda hadi Chato, Tanzania. Ilikuwa hivyo Bangui, Jamhuri ya Afrika ya Kati, Machi 2013 pia: wanajeshi 13 walikufa wakipambana na waasi wa Séléka, kelele zikawa kubwa nyumbani, na kikosi kikaondolewa wiki chache baadaye. Mpiga kura wa Afrika Kusini hajali sana jeshi linapokwenda. Hujali miili inaporudi. Kwa hiyo mipango hupita kirahisi na huvunjika ghafla.

Kwenye biashara, kamwe usisome hotuba, soma ushuru. Tangu mwaka 2000 Afrika Kusini ilikuwa ikiutoza ushuru wa kuzuia bei za kutupa (yaani bidhaa kuuzwa nje kwa bei ya chini isivyo haki) ule mkato wa kuku wa Marekani wenye mifupa, kulinda wafugaji wake. Mwaka 2015 Bunge la Marekani lilipoongeza muda wa AGOA, sheria ya Marekani inayoruhusu bidhaa za Afrika kuingia huko bila ushuru, maseneta wa majimbo ya ufugaji walihakikisha Afrika Kusini inawekwa kwenye uchunguzi maalumu. Kwa hiyo wafugaji wa Marekani walikuwa wanavutana na wafugaji wa Afrika Kusini, na katikati walisimama watu ambao hawana kuku hata mmoja: viwanda vya magari vya East London na Rosslyn, na wakulima wa machungwa na zabibu, ambao ndio waliofaidika na AGOA. Juni 2015 ikakubaliwa tani 65,000 za kuku kwa mwaka ziingie bila ushuru huo. Ubishi ukahamia kwenye kanuni za afya ya mifugo. Januari 2016, chini ya tishio la kuondolewa nafuu za mazao, ukamalizika. Mfugaji alipoteza, mwenye kiwanda akapona. Wakati huo huo chama kiliendelea kuisema Marekani vibaya majukwaani, na hakuna aliyeona mgongano, kwa kuwa ilikuwa milango miwili.

Wafanyakazi pia wana mlango wao. Aprili 2008, wakati Rais Thabo Mbeki akishikilia diplomasia ya kimya kuhusu Zimbabwe, meli ya Kichina An Yue Jiang ilifika Durban na shehena ya silaha za Harare. Kamati ya serikali ilikuwa imetoa kibali cha kuzipitisha. Makuli wa bandarini, kupitia chama chao SATAWU, wakakataa kupakua. Tarehe 18 Mahakama Kuu ya Durban ikazuia silaha zisivuke nchi. Meli ikang'oa nanga. Kumbuka COSATU, shirikisho la vyama hivyo, ni mshirika wa ANC, lakini ndugu zake Zimbabwe walikuwa wanachama wa vyama vya wafanyakazi vilivyozaa upinzani wa MDC. Mshirika wa ndani ndiye aliyeibomoa sera ya Rais.

Na mitaani kuna hasira dhidi ya wageni, ambayo hula heshima ya nchi kwa majirani. Mei 2008 waliuawa watu 62. Septemba 2019, baada ya mashambulizi mengine, Ramaphosa alizomewa Harare kwenye mazishi ya Robert Mugabe, akaomba radhi papo hapo. Wajumbe wakatumwa Nigeria na kwingineko. Kadhia ya vibali maalumu vya Wazimbabwe wapatao 178,000, vinavyofutwa na waziri, kurudishwa na mahakama na kusogezwa mbele tena na tena, ni kipimo kizuri cha mvutano huo.

Sasa serikali ya umoja wa kitaifa, iliyoundwa baada ya ANC kukosa wingi wa viti. Katika Bunge la viti 400, ANC ina 159, DA 87, na umoja mzima wa vyama 10 una 287. Tamko la makubaliano linasema penye ubishi panatakiwa maridhiano ya vyama vyenye asilimia 60 ya viti bungeni. Ukilichukua neno kwa neno, hiyo ni viti 240: ANC na DA pamoja wana 246, na bila DA waliobaki wote ni 200 tu. Kwenye karatasi, basi, DA ina turufu. Kwa vitendo ANC ilibaki na mambo ya nje, ulinzi, biashara na fedha, na kesi ya ICJ iliendelea bila kutikisika. DA ilipata kilimo na mambo ya ndani, kwa hiyo ushawishi wake unaonekana pembezoni, kwenye viza na vyeti vya afya ya mazao. Mwishoni mwa 2024 waziri wake wa mambo ya ndani alitangaza makubaliano ya viza na Ukraine kwa wenye pasipoti za kidiplomasia na za kikazi, na ubishi ukazuka hadharani na Ikulu kuhusu idhini ya Rais. Juni 2025 naibu waziri wa biashara wa DA alifukuzwa kwa kusafiri kwenda Marekani bila ruhusa.

Pamoja na hayo, umoja huo ulionekana kwa macho tarehe 21 Mei 2025, Ramaphosa alipokwenda White House. Chanzo cha ugomvi na Marekani kilikuwa kwa sehemu kubwa sheria ya nyumbani, ile ya utwaaji wa mali aliyoisaini Januari mwaka huo. Alifuatana na John Steenhuisen wa DA, rais wa COSATU Zingiswa Losi, tajiri Johann Rupert, na wacheza gofu Ernie Els na Retief Goosen. Ule haukuwa msafara wa wanadiplomasia. Ulikuwa orodha ya makundi ya ndani ambayo Rais alihitaji yaseme kwa sauti moja. Haukuzuia ushuru wa Marekani wa asilimia 30 ulioanza Agosti.

Kwa tasnifu yako, usijaribu kueleza sera yote. Chukua uamuzi mmoja na uukusanyie hati zake: azimio la mkutano mkuu wa chama kama lipo, barua ya Rais kwa Bunge chini ya kifungu cha 201 au mkataba uliowasilishwa chini ya 231, kumbukumbu za kikao cha kamati ya Bunge ya ulinzi au ya mambo ya nje, viapo vilivyowasilishwa kama kuna kesi, na fungu la bajeti la mwaka husika. Zipange kwa tarehe. Ukikuta azimio la chama halina fungu la bajeti, liweke upande wa maneno. Ukikuta barua ya Rais inataja wanajeshi 2,900, itafute taarifa ya kamati inayosema ni wangapi waliofika. Pengo kati ya namba hizo mbili ndipo sura yako ya tatu inapoanzia.